Aliyechora Uso wa Bikira

Mjini Castelripa hapakuwa na fundi aliyeijua dhahabu kama Ghezzo di Cenni. Akiilaza juu ya ubao, hukuona mshono. Ungesema mti wenyewe umeota dhahabu. Mikunjo ya mavazi aliichora hadi watu wakanyoosha vidole kutaka kuipapasa. Na mikono je? Mkono wa mtakatifu ukichorwa na Ghezzo ulikuwa na mifupa ndani na damu ikipita. Lakini uso ulimshinda. Nyuso zake zilikuwa na macho, pua na midomo, kila kitu mahali pake, na ndani hamkuwa na mtu.

Mdogo wake, Naddo, alimtania tangu wangali vijana kwenye karakana ya baba yao.

"Kaka, huyu Mtakatifu Petro umemchora au umemmenya? Mbona kama boga?"

Naddo ndiye aliyepewa nyuso. Ila alipewa pia kiu ya divai, ulimi usio na mlango, na miguu isiyotulia. Siku ya sikukuu ya mji alimzaba kofi bruda mmoja mbele ya altare, kwa sababu bruda yule aliita kazi yake uchafu, na wazee wa mji wakaamua kwamba mtu huyo asiguse tena kazi ya kanisa lolote la Castelripa. Naddo akafunga mzigo wake akaondoka huku akiimba. Hakuna aliyejua alikokwenda, na wengi hawakuuliza.

Baadaye Chama cha Bikira kilitaka picha kubwa ya altare: Mama Maria ameketi kwenye kiti cha enzi, Mtoto yuko magotini pake, malaika wamesimama huku na huku. Mkuu wa chama alikuwa Bindo, mfanyabiashara wa sufu, mtu mwenye tumbo na imani, vyote vikubwa. Alimwita Ghezzo na sharti lake lilikuwa moja.

"Fundi, picha yote iwe ya mkono wako mwenyewe. Yote. Sitaki mikono ya watu wa mitaani kwenye uso wa Mama. Na siku ya kuipokea utaapa juu ya Injili."

"Nitaapa, Bwana Bindo," Ghezzo alisema, na siku ile alisema kweli tupu.

Akachora kiti. Akachora mabawa. Akachora joho la buluu, na mikono ya Mama iliyomshika Mtoto taratibu kama mtu anayeshika mkate uliotoka tanuri. Zikabaki nafasi mbili tupu juu ya chokaa nyeupe iliyopakwa ubaoni, moja ya uso wa Mama, moja ya Mtoto. Akachora, akakwangua. Akachora tena, akakwangua tena. Akaanza kuamka na hasira, akawa anamfokea mkewe, Mita, kwa sababu ya chumvi kwenye supu.

Baridi ilipokaza, Naddo akabisha mlango. Alikuwa anakohoa na viatu vyake vilikuwa vya matambara. Mita alimketisha karibu na moto akampa supu ya maharage na kitunguu, na Ghezzo akamfichia kitanda cha majani kwenye dari ya karakana, maana wazee wa mji walikuwa hawajasahau lile kofi. Naddo alipopata nguvu ya kusimama akausogelea ule ubao.

"Kaka, huyu Mama anamngoja nani?"

"Una maana gani?"

"Hana uso. Naona kama anangoja mtu amletee."

Ghezzo hakucheka. Asubuhi moja alitoka kutafuta mayai mapya, maana rangi hukorogwa kwa kiini cha yai. Aliporudi alimkuta mdogo wake ameketi kwenye kiti chake, brashi mkononi, keshapaka rangi ya kijani inayotangulia chini ya ngozi, sasa anaweka waridi juu yake, mstari mwembamba baada ya mstari mwembamba, huku ulimi umemtoka pembeni mwa mdomo kama alivyofanya utotoni. Hapo ndipo Ghezzo alipotakiwa kusema, "Acha, mdogo wangu, nimefungwa na ahadi." Badala yake aliweka kapu chini, akavuta kigoda, akaanza kumvunjia mayai.

Nyuso zote mbili zilipokwisha, Mita aliingia na kuni mikononi, akautazama wa Mama, akazishusha kuni polepole asipige kelele. Macho yale hayakukutazama kama ya malkia. Yalikutazama kama ya mtu anayejua ulilolifanya na bado amekuwekea chakula.

Siku chache kabla ya Bindo kuja kuikagua kazi, Ghezzo alimpa Naddo joho lake zito, mkate na kipande cha jibini.

"Mdogo wangu, ni heri ukaenda mapema. Unawajua watu wa hapa na midomo yao."

Naddo akacheka, kicheko ambacho hakikufika machoni.

"Sawa, Kaka. Uso ni wako. Mimi nilikuja kuota moto tu."

Ghezzo akaapa. Aliweka mkono juu ya Injili, wanachama wakiwa wamesimama na mishumaa, akasema kila kilichomo ni kazi ya mkono wake. Alitegemea kwamba kitu fulani kitatokea. Ulimi ungekwama, au mshumaa ungezimika. Hakikutokea chochote. Bindo alimkumbatia huku machozi yakimtoka, na chini ya picha wakamtaka aandike jina lake kwa herufi za dhahabu: GHEZZO DI CENNI AMENICHORA.

Watu waliipenda picha ile kuliko alivyotazamia yeyote. Wanawake waliokuwa wanakaribia kujifungua walikuja kuketi mbele yake. Mvua ilipokataa, walimtoa Bikira kwa maandamano mpaka kwenye mashamba ya mizabibu, Ghezzo akitembea mbele na mshumaa kwa kuwa yeye ndiye mchoraji, na kabla hawajarudi langoni wingu likapasuka. Mama mmoja mzee, maji yanamchuruzika usoni, alimshika mkono akaubusu.

"Mkono huu, fundi! Mungu ameuazima mkono huu!"

Ghezzo aliurudisha mkono wake ndani ya mkono wa joho kama mtu aliyeungua.

Wakaja watu wa miji mingine wakitaka nyuso kama ule. Awali alisema ana kazi nyingi. Udhuru ulipokwisha, alisema ameweka nadhiri: baada ya uso wa Bikira hatachora tena uso wa mwanadamu. Mji mzima ukamsifu kwa uchaji wake. Mita, aliyekuwa akikunja nguo, aliuliza bila kuinua kichwa:

"Nadhiri hiyo umeiweka lini, mume wangu?"

"Mita, acha."

"Nauliza tu. Nami nijue siku ya kufunga kwa ajili yake."

Hawakuizungumza tena. Lakini uongo ni kama mgeni asiyeaga: umempa kigoda, kesho anataka kitanda. Ghezzo akawa mtu wa kuinamisha macho. Watu wakasema ni unyenyekevu.

Miaka ikapita. Siku ya soko, siku za mavuno ya zabibu, Naddo akarudi. Kofi lile lilikwisha kusahaulika, na waliolikumbuka hawakuweza kumtambua aliyelipiga. Alikuwa amekonda, amepinda, jicho moja lina ukungu mweupe na la pili lilikuwa njiani kulifuata. Aliingia kanisani kwa kufuata ukuta. Alisogea karibu kabisa na picha, pua inakaribia kugusa ubao, akautafuta uso sehemu baada ya sehemu kwa kile kipande cha jicho kilichobaki. Kisha akashuka mpaka kwenye herufi za dhahabu, akazisoma, akacheka kwa sauti humo humo kanisani.

Pengine mambo yangeishia hapo. Lakini alikwenda kunywa kwenye kilabu cha Nuto, na pale vijana wa kazi za sufu walikuwa wakimsifia Bikira wao kwa wafanyabiashara wageni.

"Hata nyusi zake," alisema mmoja, "zinapumua!"

"Nyusi zilinisumbua," Naddo alisema kutoka pembeni. "Ya kushoto niliifuta mara mbili."

Wakageuka. "Wewe mzee, unasema nini?"

"Nasema ule uso nilichora mimi. Mikono ni ya kaka yangu, dhahabu ni ya kaka yangu, uso ni wangu."

Kilabu kizima kikaangua kicheko. "Nuto, umempa divai ya ngapi huyu?" "Babu, na mwezi je, nao ulichora wewe?" "Mwacheni, bado hajamaliza, kesho atasema yeye ndiye aliyekuwa Mtakatifu Yosefu!"

Naddo alicheka nao mwanzoni. Kisha mtu mmoja akamwita mbwa, naye Naddo akapiga meza.

Kabla ya jioni Bindo alikuwa ameyasikia. Hakucheka. Kwake lilikuwa tusi kwa Mama mwenyewe, kwamba mlevi asiye na viatu ndiye aliyemchora. Asubuhi iliyofuata akaita kikao katika ukumbi wa chama, na watu wakajaa hadi madirishani.

Ghezzo aliketishwa kiti cha mbele, pembeni ya Bindo. Naddo aliletwa akiwa ameshikwa mabega na vijana wawili. Ghezzo alikuwa hajamwona mdogo wake tangu ule mkate na jibini. Alilitambua joho kabla ya kumtambua mtu: lilikuwa joho lake mwenyewe, limechakaa mpaka uzi.

"Unadai nini?" Bindo alimwuliza.

"Sidai kitu, bwana. Niliulizwa nikasema."

"Fundi Ghezzo aliapa juu ya Injili."

"Basi hilo ni lake na Injili."

Minong'ono ikapanda. Bruda Ranieri, aliyekuwa msimamizi wa kanisa lile na mtu asiyependa kukurupuka, aliinua mkono. "Ndugu zangu, ubishi wa mafundi huamuliwa kwa kazi. Kila mmoja apewe ubao mdogo, achore uso. Sote tuna macho."

Ghezzo aliona boga lake limetundikwa mbele ya mji. Lakini ubao ulipelekwa kwanza kwa Naddo, pamoja na rangi na brashi. Naddo akauinamia. Akautafuta ukingo wake kwa kidole. Jicho likakodoka, mstari wa kwanza ukaenda upande. Akajaribu kuufuta kwa kiganja, rangi ikachafuka. Hakukata tamaa upesi. Alijaribu pua, alijaribu kope, jasho likamdondoka juu ya ubao. Kilichopatikana mtoto angekificha asichapwe.

Mtu mmoja alikipokea akakiinua juu watu wakione. Ukumbi ukalipuka.

"Bikira wa kilabuni!"

"Mtundikeni kwa Nuto juu ya mapipa!"

"Ya nini kumsumbua fundi na ubao sasa?" Bindo alisema akifuta kicheko machoni. "Jambo limejionyesha."

Naddo hakuwajali waliocheka. Aligeuza uso pale alipodhani kaka yake ameketi, akakosea kidogo, akasema na kiti kitupu kilichokuwa karibu.

"Kaka. Waambie."

Ghezzo akasimama. Maneno alikuwa nayo, yote, yamepangana mdomoni: ni kweli, ni yeye, mimi nilivunja mayai tu. Akamtazama Bindo. Akautazama umati uliompenda. Akawaza kiapo, chama cha wachoraji, jina la baba yake, na yule mama aliyembusu mkono kwenye mvua.

"Huyu ni ndugu yangu wa damu," alisema. "Ni mgonjwa, kama mnavyomwona. Nawaomba mumsamehe."

Ukumbi mzima ukashusha pumzi kwa pamoja. Wanawake wakafuta macho. "Moyo gani huu!" mtu alisema. "Ametukanwa na bado anamwombea!" Naddo aliinamisha kichwa taratibu, akakitikisa kama mtu aliyesikia bei ya kitu akaona ni sawa na alivyodhani.

Kwa heshima ya Ghezzo hawakumfunga Naddo. Walimhukumu asimame mlangoni mwa kanisa Jumapili, tangu misa ya kwanza hadi ya mwisho, amevaa kofia ndefu ya karatasi iliyoandikwa MWONGO, kisha aondoke mjini.

Usiku wa kuamkia siku hiyo Ghezzo hakulala, na Mita naye hakulala, na kila mmoja alijua kwamba mwenzake yu macho. Asubuhi alipojifunga mshipi kwenda misani, mkewe hakuwapo. Sufuria ilikuwa baridi.

Alimkuta kanisani, ila si ndani. Mita alikuwa amesimama mlangoni bega kwa bega na Naddo, mtungi wa maji mikononi, kilemba chake cha sikukuu kichwani. Watoto walikuwa wakitupa maganda ya zabibu, na moja lilikuwa limemganda Mita kwenye shavu, naye hakulifuta. Waliopita walimshangaa. "Mke wa fundi! Kweli huruma ni ya nyumba nzima."

Ghezzo akafika ngazini. Alitaka kupita. Mita akamtazama, akasema kwa sauti ya kawaida, kama anamwambia mlango haujafungwa:

"Pita, mume wangu. Usichelewe. Watu wanakungojea mbele."

Akapita. Hilo ndilo lililomla baadaye kuliko kiapo na kuliko ukumbi, kwamba hata wakati ule, na mkewe ana ganda la zabibu shavuni, alipita. Akaenda mpaka kwenye kiti chake. Akapiga magoti. Misa ikaanza, watu wakaimba. Padri aliposoma Injili na kuibusu, Ghezzo aliona midomo ya mtu mwingine inagusa pale alipoweka mkono wake. Akasimama.

"Niliapa uongo," alisema.

Sauti haikutoka. Akarudia, safari hii ikatoka kubwa mno.

"Niliapa uongo! Uso ule ni wa Naddo. Uso wa Mama na uso wa Mtoto. Mimi ni mwongo, na mmemvalisha kofia asiye mwenyewe."

Kisha Bindo akainuka.

"Mnaona?" akasema. "Mnaona, ndugu zangu? Mtu anajitwika dhambi isiyo yake mbele ya Mungu ili amwokoe ndugu yake! Wapi mmewahi kuona pendo kama hili?"

Na watu, badala ya kumzomea, wakampigia magoti. Mtu akamshika pindo la joho. Mwingine akambusu bega. Ghezzo alipiga kelele kwamba ni kweli, kweli tupu, na kadiri alivyopiga kelele ndivyo walivyozidi kulia. Hakuna fedheha kama hiyo: kuutoa uchafu wako hadharani, watu wakaunusa wakasema ni ubani.

Akawasukuma. Akatoka mbio mpaka mlangoni, akamvua Naddo ile kofia ya karatasi, akaivaa yeye. Ilikuwa imelowa jasho. Akageuka, akasimama pale ngazini.

"Bruda Ranieri!" aliita. "Ulisema kila mmoja apewe ubao. Mimi sikupewa. Nileteeni wangu."

Bruda alikuwa amemfuata. Akaagiza ubao uletwe. Wakaweka meza pale pale mbele ya kanisa, jua likiwa la mchana. Ghezzo alichora amevaa kofia. Na alichora kwa nguvu zake zote, maana aliona kwamba akichora ovyo atakuwa amedanganya tena. Aliweka kijani chini, akaweka waridi juu, aliyakumbuka yote aliyofundishwa na baba yao. Alichora kama anavyoomba mtu anayezama. Alipomaliza, uso ulikuwa na macho mazuri, pua nzuri, midomo mizuri, kila kitu mahali pake, na ndani hamkuwa na mtu.

Watu waliusogelea. Hakuna aliyecheka. Kucheka kungekuwa nafuu.

"Amefanya makusudi," Nuto wa kilabu alinong'ona.

"Makusudi gani?" mwanamke mmoja akajibu. "Mwangalie jasho. Huyo amejitahidi."

Bindo aliutazama ule ubao, akamtazama Ghezzo, akaugeuza ubao kifudifudi juu ya meza. Akarudi ndani ya kanisa akitembea kama mzee.

Tangu siku ile Castelripa iligawanyika. Wako waliosema Ghezzo alichora Bikira na ni mtakatifu mwenye wazimu. Wako waliosema ni Naddo. Wako waliosema si huyu wala yule, uso ulishuka wenyewe, na hao waliongezeka kila mwaka. Chama hakikutaka kesi ya kiapo, maana kesi ingemgusa Bikira na mvua yake. Wakaikwangua ile dhahabu ya jina, wakapaka rangi ya kahawia, pakabaki patupu. Ghezzo akatolewa katika chama cha wachoraji bila kelele. Hakuitwa tena kwa kazi ya altare. Alichora masanduku ya maharusi, ngao za wapanda farasi na mabango ya wauza viatu, na watu walipomwona njiani walisita, hawajui wamwamkie kwa heshima au wageuze uso. Aliwaonea huruma. Yeye mwenyewe angekuwa hajui.

Siku ile ya kofia, wakati watu wanatawanyika, alimwendea mdogo wake aliyekuwa ameketi ngazini.

"Mdogo wangu, twende nyumbani."

Naddo alikuwa anakunywa maji ya mtungi. Aliyamaliza kwanza.

"Ungenivua hii kofia kabla sijaivaa," alisema, "ningekuja. Leo umenivua imeshaniingia."

Mita ndiye aliyechutama mbele ya Naddo.

"Shemeji, nyumba ile na mimi nimo. Supu napika mimi. Njoo kwangu."

"Kwako nitakuja," Naddo alisema.

Akaja, na hukumu ya kuondoka mjini hakuna aliyeikumbusha. Jicho la pili likazimika kabla ya baridi kwisha. Hakuwa mgeni mgumu. Aliimba, alimchekesha Mita, aliwatania wateja waliokuja kutazama mabango. "Bango hilo mmeliona? Kiatu kina uhai kuliko watakatifu wake!" Ghezzo alimlisha, alimwosha miguu, alimpeleka kuota jua ukutani. Yote hayo Naddo aliyapokea bila kinyongo, na bila shukrani pia, kama mtu anavyopokea zamu yake kisimani. Ila jambo moja lilibadilika. Tangu ukumbini pale, hakumwita kaka tena. Alimwita Bwana Ghezzo, kwa upole, kama wanavyomwita majirani.

Asubuhi moja ya kipupwe Ghezzo alikuwa akimnyoa barazani. Wembe ulikuwa mkali na kidevu cha Naddo kilikuwa na makunyanzi ya baba yao. Ghezzo aliusimamisha wembe.

"Naddo. Huwezi kuniita kama zamani? Hata mara moja."

Naddo alifikiri. Alifikiri kweli, mtu angeweza kuliona hilo kwenye paji lake la uso.

"Nitajaribu, Bwana Ghezzo," akasema, akageuza kichwa ili anyolewe shavu la pili.